NOTISI YA MNADA IONYESHE NA MLANGO WA MAHAKAMA

Katika nchi yetu iko sheria ya madalali, iliyotungwa tangu zama za ukoloni na ambayo bado imo katika vitabu vyetu, isemayo kuwa ardhi haiuzwi mnadani mpaka zimepita siku zisizopungua 14 tangu watu walipotangaziwa. Sheria hiyo haikuridhika na karatasi iliyobandikwa ukutani. Ilitaka tangazo lifanywe pia kwa kupiga ngoma, au kwa njia nyingine itakayofahamika na mtu asiyejua kusoma. Tena liandikwe kwa Kiswahili pamoja na Kiingereza. Walioitunga walijua kwamba tangazo lisilofika masikioni mwa mwenye mali si tangazo.

Leo twataka kuuliza swali ambalo ngoma hiyo hailijibu. Mdaiwa akisha kuisikia, naye anaamini kuwa mnada huo hauna haki, aende mlango gani?

Tuchukue mfano. Mkulima wa Kamachumu, au mwalimu wa Nshamba, au mfanya biashara ya samaki wa kisiwa cha Goziba, amekopa benki na kuweka rehani nyumba yake na kibanja chake. Biashara imekwenda kombo. Barua inafika: ana siku 60 za kulipa, zikipita mali itauzwa. Yeye asema amekwisha kulipa sehemu kubwa kuliko inavyoandikwa, au mkewe hakutia sahihi, au kipimo cha shamba kimekosewa. Huenda kweli anayo haki. Basi siku ya kwanza anakwenda kwa mwenyekiti wa kijiji. Siku ya tano yuko kwa mtendaji wa kata. Siku ya kumi anasubiri ofisini kwa Mkuu wa Wilaya. Siku ya ishirini ameambiwa na jamaa kuwa jambo hilo ni la polisi. Siku ya arobaini anapata mtu wa kumwandikia madai, nayo yanapelekwa katika mahakama isiyokuwa na mamlaka. Na siku mnada unapopigwa, bado anaulizwa kama alifungua shauri mahali panapostahili.

Twasema mapema, ili tusifahamike vibaya, kwamba hatumtetei mtu anayekopa huku amekwisha azimia kutolipa. Fedha ya benki ni amana ya mfanyakazi aliyekatwa mshahara wake, ni akiba ya chama cha ushirika, ni pesa ya kahawa ya mkulima mwingine. Asiyelipa anamnyima mwenzake mkopo wa kesho. Deni ni haki, na dawa ya deni ni kulipa. Lakini kama vile deni lilivyo haki, ndivyo na njia ya kulidai ilivyo haki. Benki ina mlango wake wa kuingilia, nao unajulikana. Mdaiwa naye aonyeshwe wake.

Jambo hili lina uzito wa pekee katika Bukoba na Muleba. Kwa Mhaya kibanja si shamba tu. Ni migomba iliyopandwa na babu, ni mibuni iliyo katikati ya migomba, ni nyumba, na ni makaburi ya wazee kando ya nyumba. Wazee wa huko wanakumbuka nyarubanja, ule utaratibu wa kikabaila uliomfanya mkulima ailime ardhi kwa hisani ya bwana mwingine na kumtolea malipo. Mwaka 1965 Bunge lilipitisha sheria ya kuwakomboa wapangaji wa nyarubanja. Mkulima akawa na kibanja chake mwenyewe. Hatuilinganishi benki na kabaila, maana benki haimlazimishi mtu kukopa. Twasema tu kwamba ardhi iliyopatikana kwa taabu namna ile haifai kumtoka mtu kwa sababu ya kukosea mlango.

Sheria yenyewe si ya kumkandamiza mdaiwa. Zamani hali ilikuwa ngumu zaidi. Mwaka 1995 Mahakama ya Rufani ilisema, katika shauri la Benki ya Taifa ya Biashara na kampuni moja ya vifaa vya elimu na ofisi ya Dar es Salaam, kuwa mwenye rehani anapotumia uwezo wake wa kuuza, mahakama haiwezi kumwingilia isipokuwa pamekuwa na rushwa au njama baina yake na mnunuzi. Baadaye ikaja Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, iliyoanza kutumika mwaka 2001, nayo ikarekebishwa mwaka 2004 na mwaka 2008. Sheria hiyo inamtaka mwenye rehani ampe mdaiwa notisi ya maandishi, na kwa marekebisho ya mwaka 2008 muda wake ni siku 60. Inamtaka pia, anapouza, afanye bidii ipasayo kupata bei iliyo bora. Bei ikipungua kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya wastani ya ardhi kama hiyo sokoni, sheria inachukulia kuwa wajibu huo umevunjwa, mpaka muuzaji athibitishe vingine. Na mpaka mali iuzwe, mdaiwa anaweza kulipa na kuikomboa.

Tena sheria imemkumbuka mwenzi wa ndoa. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ya ridhaa ya mke au mume. Hata kabla ya hapo Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilikwisha mpa mwenzi haki ya kuweka zuio katika daftari la hati ili nyumba isiuzwe wala kuwekwa rehani kwa siri. Hapa yafaa tukumbuke shauri lililoanzia huko huko Muleba. Mwaka 1988 mwanamke mmoja aliyerithi shamba la baba yake kwa wosia aliliuza kwa mtu asiye wa ukoo. Jamaa yake akamshitaki katika Mahakama ya Mwanzo ya Kashasha, akidai kuwa kwa mila ya Wahaya mwanamke hana uwezo wa kuuza ardhi ya ukoo. Mahakama ya Mwanzo ikamkubalia. Mahakama ya Wilaya ikatengua. Mwaka 1990 Mahakama Kuu ya Mwanza, chini ya Jaji James Mwalusanya, ikakata kuwa mila hiyo ya ubaguzi haiwezi kusimama mbele ya Katiba, na kwamba mwanamke anao uwezo wa kuuza sawa na mwanamume. Nasi twaongeza: mwenye uwezo wa kuuza hawezi kukosa uwezo wa kukataa. Mke wa Muleba anapoona dalali uani, ilhali hakuulizwa siku ya kuweka rehani, anayo hoja ya kupeleka mahakamani. Lakini ni mahakama gani?

Hapo ndipo penye fundo. Sheria ya mwaka 2002 ya kusuluhisha migogoro ya ardhi, iliyoanza kutumika mwaka 2003, iliweka ngazi za vyombo vya ardhi: Baraza la Kijiji, Baraza la Kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Wananchi wengi wanalijua Baraza la Kata kwa sababu liko karibu, nao hulikimbilia kwanza. Lakini uwezo wa Baraza hilo ulikuwa mdogo, ukiishia kwenye ardhi ya thamani ya shilingi milioni 3, na tangu marekebisho ya mwaka 2021 kazi yake ni kupatanisha, si kutoa hukumu. Mtu anayetaka kusimamisha mnada wa benki hapati amri hapo.

Juu yake liko Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambalo liko Bukoba na liko Muleba. Mwaka 2016 kikomo chake kilipandishwa kuwa shilingi milioni 300 kwa madai ya kurudishiwa ardhi au nyumba, na milioni 200 kwa madai mengine yanayopimika kwa fedha. Yanayozidi hapo ni ya Mahakama Kuu, ambayo nayo ina masijala yake Bukoba. Mtu aweza kusema: basi mbona njia ni nyeupe? Pima thamani ya mali yako, kisha uende. Lakini sivyo, kwa sababu tatu.

Sababu ya kwanza ni asili ya shauri. Je, ugomvi juu ya mnada wa rehani ni ugomvi wa ardhi, au ni ugomvi wa biashara uliotokana na mkopo? Majaji wenyewe kwa miaka mingi hawakuwa na kauli moja. Wako waliosema kuwa rehani ni mkataba wa fedha, na ardhi imeingia kama dhamana tu. Shauri kama hilo si la vyombo vya ardhi. Wako walioona kuwa kinachouzwa ni ardhi, na anayelia analilia ardhi. Basi ni shauri la ardhi. Katika rufani ya ardhi namba 29 ya mwaka 2008, baina ya Exim Bank na Agro Impex, Mahakama Kuu ilitoa kipimo ambacho kimetumiwa mara nyingi tangu hapo: yatazamwe mambo mawili, yaani maelezo ya madai yanayoonyesha chanzo cha ugomvi, na nafuu zinazoombwa, ili ijulikane kama mahakama ina uwezo wa kuzitoa na kama zinaoana na chanzo hicho. Kipimo hicho ni kizuri. Lakini maana yake ni kwamba mamlaka ya mahakama yanategemea jinsi madai yalivyoandikwa. Mkulima anayelipa mwandishi wa barua ili amwandikie madai hajui kuwa neno moja likibadilika, na mlango nao unabadilika.

Sababu ya pili ni kipimo cha fedha. Inapimwa thamani ya nyumba, au deni lililobaki, au hasara anayodai? Mahakama ya Rufani ilikwisha eleza, katika shauri la kiwanda cha nguo cha Urafiki na Masista wa Usambara, kuwa kinachopima mamlaka ni madai mahsusi, si fidia ya jumla ambayo mahakama yenyewe ndiyo itakayoikadiria. Mtu hawezi basi kujipandisha Mahakama Kuu kwa kuandika fidia ya mamilioni, wala hawezi kujishusha ili akae karibu na nyumbani.

Sababu ya tatu ni kubwa zaidi, nayo inahusu benki zilizo mashirika ya umma. Mwaka 2020 Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ilirekebishwa. Tangu hapo anayetaka kulishitaki shirika la umma hana budi kutoa notisi ya siku 90, na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kufungua shauri lake Mahakama Kuu, hata kama mali ni nyumba ya vyumba viwili. Tazameni hesabu hii, ndugu wasomaji. Notisi ya kumwuzia mdaiwa mali yake ni siku 60. Hata tukiongeza siku 14 za tangazo la mnada, jumla ni 74. Notisi ya mdaiwa kwenda mahakamani ni siku 90. Mnada unaweza kwisha kabla mlango wa mahakama haujafunguliwa. Ni kweli kwamba Mahakama Kuu imewahi kutoa amri ya muda ya kusimamisha mambo mpaka siku 90 zitimie. Lakini amri hiyo huombwa kwa maombi maalumu, na anayeyajua maombi hayo ni wakili. Mkulima wa Rubya au mvuvi wa Ikuza, ambaye inampasa kuvuka ziwa kwanza, atayajuaje?

Wako watakaosema kuwa haya ni mambo ya ufundi wa wanasheria, na kwamba mwenye haki ataipata tu hata akichelewa. Sivyo. Mamlaka ya mahakama ndiyo mzizi wa kesi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 ilikwisha amuliwa katika Afrika Mashariki, katika shauri la Shyam Thanki na New Palace Hotel, kuwa hata wadaawa wote wawili wakikubaliana, hawawezi kuipa mahakama mamlaka isiyokuwa nayo. Mahakama yetu ya Rufani imelirudia jambo hilo. Pingamizi la mamlaka laweza kutolewa wakati wowote, hata katika rufani. Kwa hiyo mtu anaweza kushinda Muleba, akashinda tena Bukoba, kisha baada ya miaka kadha akaambiwa kuwa yote yaliyofanywa ni batili, aanze upya. Wakati huo nyumba imekwisha andikwa jina la mwingine.

Na huyo mwingine analindwa. Sheria ya Ardhi haimlazimishi mnunuzi mnadani kuchunguza kama notisi ilitolewa sawasawa. Asiposhiriki hila wala kuijua, anabaki na mali aliyoinunua, na aliyeonewa anabakiwa na dai la fidia dhidi ya aliyeuza. Hatuilaumu kanuni hiyo, kwani bila ya hiyo hakuna atakayethubutu kununua. Lakini inatuonyesha kuwa wakati wenye faida kwa mdaiwa ni ule ulio kabla ya nyundo kugongwa. Ili apate amri ya kusimamisha mnada, tangu hukumu ya Atilio na Mbowe ya mwaka 1969 anatakiwa aonyeshe mambo matatu: kwamba lipo swali zito la kuamuliwa, kwamba asipozuiliwa mwenzake yeye atapata hasara isiyofidika, na kwamba atakayeumia zaidi amri ikinyimwa ni yeye. Hayo yote hayasemwi barabarani. Yanasemwa mbele ya mahakama yenye mamlaka, na kwa wakati.

Tarehe 10 Septemba 2016 tetemeko la ardhi liliupiga mkoa wa Kagera. Watu wasiopungua 17 walifariki, na maelfu ya nyumba yalibomoka au kupasuka. Tuyafikirie yale yaliyomo katika msiba kama huo. Nyumba iliyowekwa rehani huanguka, lakini deni halianguki. Mwenye nyumba anahitaji kuzungumza na benki juu ya muda wa kulipa, na yakishindikana mazungumzo, anahitaji kujua bila ya kuzunguka ni nani atakayemsikiliza. Siku ya msiba si siku ya kumfundisha mtu ngazi za mahakama.

Basi twapendekeza nini?

Kwanza, na hili ndilo kubwa, kila notisi ya kuuza mali ya rehani ieleze kwa Kiswahili chepesi mambo manne: deni ni kiasi gani na limehesabiwaje, siku ya mwisho ya kulipa ni ipi, mdaiwa akiwa na malalamiko apeleke katika mahakama au baraza gani, lililo mahali gani, na kama benki hiyo ni shirika la umma, iandikwe wazi kwamba notisi ya siku 90 yahitajiwa. Karatasi yatosha. Benki ina wanasheria. Kuandika mistari hiyo minne hakutaigharimu kitu. Bunge nalo likiona vema liliweke jambo hilo katika sheria, kama vile waliotunga sheria ya madalali walivyoweka ngoma.

Pili, siku 60 na siku 90 zipatanishwe. Ama muda wa notisi kwa mashirika ya umma upunguzwe kwa mashauri ya rehani, ama mnada usubiri mpaka notisi ya mdaiwa itimie. Haifai sheria moja impe mtu haki, na nyingine imcheleweshe asiifikie.

Tatu, mkataba wa rehani usomwe kwa lugha ya mkopaji. Tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama zetu. Itakuwa ajabu mahakama iseme Kiswahili, na karatasi iliyomfikisha mtu hapo iwe imeandikwa kwa lugha asiyoijua.

Nne, nasi wenyewe tuna wajibu. Chama cha wafanyakazi kinachomdhamini mwanachama wake kwa mkopo, chama cha msingi cha kahawa, tawi la chama mtaani, kila kimoja kina mkutano wake. Katika mkutano huo itengwe nafasi ya kuwafahamisha watu kuwa wasitie sahihi wasichokielewa. Kuwa mume asiape mbele ya hakimu kwamba hana mke ilhali anaye. Kuwa risiti za malipo zihifadhiwe. Na kuwa barua ya benki ikifika isifichwe chini ya godoro. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria. Watafutwe siku ya kwanza ya zile 60, wala si siku ya hamsini na tisa.

Anayedaiwa alipe. Anayedai auze kwa haki pale ambapo hakulipwa. Na wanapogombana, wote wawili wajue mahali pa kwenda kabla ya siku ya mnada. Haitoshi ngoma ilie Muleba ili watu wajue kuwa nyumba inauzwa. Yapasa mwenye nyumba ajue pia ni wapi atakaposikilizwa.